Jiwe Nililolilamba Homa Hills

Siku ya kuajiriwa au kukataliwa kwangu ilipangwa iwe Jumapili, na haikupangwa ofisini. Mwalimu mkuu wa shule ya wasichana niliyoomba kazi, shule ya kanisa nje kidogo ya mji wa Migori, alisoma barua yangu, akaitazama shahada yangu ya jiolojia na jiografia, kisha akavua miwani.

"Vyeti nimeona," alisema. "Jumapili tunakwenda Homa Bay kutembezwa kwenye milima ya volkeno, kabla hatujawapeleka wasichana wa kidato cha tatu. Njoo. Nataka kukuona ukiwa nje ya karatasi."

Halafu, kana kwamba anazungumzia hali ya hewa, akaongeza kuwa kulikuwa na kijana mwingine aliyeomba nafasi hiyohiyo, na kwamba naye vyeti vyake vilikuwa vizuri.

Ilikuwa mwishoni mwa miaka ya tisini. Serikali ilikuwa imesimamisha kuajiri walimu, na shule zilizopungukiwa zilijitafutia wa kwao kupitia bodi. Mimi nilikuwa nimekaa nyumbani, karibu na Kehancha, zaidi ya mwaka mzima tangu nivue joho la mahafali, nikichuma tumbaku ya baba, ileile iliyonilipia karo. Mikono yangu ilikuwa imerudi kuwa na utomvu mweusi usiotoka kwa sabuni. Watu walionisalimia kwa jina la shahada walikuwa wameanza kulitamka kwa kicheko. Nilijua basi ninachokitaka kutoka kwa Jumapili ile. Nilitaka kazi, na niliitaka kiasi cha kuniumiza tumbo.

Hapo ndipo matatizo yalipoanzia, kwenye tumbo. Mimi ni mtu wa kuwaza. Swali dogo nikilipata nalikunja, nalikunjua, nalitazama chini na juu mpaka linachakaa. Usiku wa kuamkia safari niliwaza kuhusu nguo. Sketi ilifaa kanisa lakini haikufaa mlima. Suruali ilifaa mlima lakini ingeweza kuninyima kazi. Nikavaa sketi na suruali ndani yake, nikafanana na mtu aliyekimbia moto. Asubuhi sikuweza kumeza hata kipande cha mkate. Nilikunywa chai tu, kikombe baada ya kikombe, kwa sababu mtu aliyeshika kikombe ana mahali pa kuweka mikono.

Tulikuwa wachache ndani ya Land Rover kuukuu ya kanisa. Mwalimu mkuu alikaa mbele na dereva. Nyuma tulikaa mimi, naibu wake, ambaye alikuwa bwana mwembamba aliyefundisha hesabu, na matroni wa bweni, mama mnene mwenye sauti ya upole, aliyezaliwa pande hizo za Homa Hills na ambaye ndiye angewaangalia wasichana usiku wa safari yao. Kwa kuwa mimi ni Mkuria na wao ni Wajaluo, tuliongea Kiswahili, ingawa Kijaluo nilikisikia vizuri kuliko walivyodhani.

Kabla hata ya kufika Rongo niliomba gari lisimame. Chai ilikuwa imefanya kazi yake. Nilipanda tena nikiwa nimeinamisha kichwa. Tulipofika njia panda ya Rodi nikaomba tena.

"Mwalimu wa jiografia ni mtu wa bidii," naibu alisema. "Anakagua kila kichaka."

Matroni alicheka kidogo. Mwalimu mkuu hakucheka. Aligeuza kioo kidogo cha mbele, kile cha dereva, akaniangalia humo. Nikawaza: anaona sketi. Nikawaza tena: anaona suruali. Kumbe alikuwa akiona kitu kingine kabisa, lakini wakati ule sikujua.

Kiongozi wetu wa safari alitungojea mjini Homa Bay, chini ya kilima cha Asego, kile kilichosimama peke yake kando ya mji kama kofia iliyosahauliwa na mwenyewe. Alikuwa bwana wa makamo mwenye fimbo na kofia ya mkonge, aliyezoea kuwatembeza wageni wa makanisa na walimu, na alikuwa na masharti yake.

"Karibuni," alisema. "Mimi huwa natembeza watu wachache, kwa sababu watu wengi hawasikii. Hakuna kuuliza swali mpaka nimalize mlima. Nikimaliza mlima, uliza. Tukihamia mlima mwingine, maswali ya mlima wa kwanza yamekufa."

"Na mtu akisahau swali lake?" naibu aliuliza.

"Basi halikuwa swali."

Alitupandisha Asego mpaka nusu, akatuonyesha kwa fimbo yake. Kule ng'ambo ya ghuba, milima ya Homa. Huku kusini magharibi, Gwasi, iliyobaki ya mlima mkubwa uliobomoka zamani. Yote, alisema, ni wazee wa moto waliolala. Nilitaka kusema kwamba Asego yenyewe haikuwa mlima uliolala bali ni koo la volkeno, mwamba ulioganda ndani ya bomba lake na kubaki baada ya mlima wenyewe kuliwa na mvua. Niliwaza kama kusema hivyo kungekuwa kujua au kujidai. Niliwaza muda mrefu mno. Nilipofungua mdomo, tulikuwa tumeshashuka, na swali langu, kwa sheria ya kiongozi, lilikuwa limekufa.

Mwalimu mkuu aliniuliza tukiwa tunarudi garini, "Mbona kimya?"

"Nafikiri, Madam."

"Wasichana wangu hawasikii mawazo. Wanasikia sauti."

Maneno hayo yalinichoma. Na mimi, kwa woga wangu wote, nina tabia moja ambayo mama yangu aliizoea na wengine hawakuizoea: nikichomwa, nasimama. Nikaapa moyoni kwamba mlima unaofuata ningeusema mimi.

Tulipofika Homa Hills jua lilikuwa limeshapanda. Gari lilitufikisha mahali barabara ilipokwisha, tukapanda kwa miguu kati ya vichaka na mawe meupe meupe. Kiongozi alituambia mlima huu ni wa chokaa. Watu wanachimba, wanachoma, wanapaka nyumba. Alipomaliza, akatazama huku na huku. "Sasa uliza."

Hakuna aliyeuliza. Basi nikasema.

Nilisema kwamba mlima huu si wa kawaida hata kwa volkeno. Nilisema chokaa nyingi duniani hutokana na magamba ya viumbe wa baharini, lakini hapa hapakuwahi kuwa na bahari. Chokaa hii ilitoka tumboni mwa ardhi ikiwa inawaka, ikamwagika na kuganda. Milima ya namna hii ni michache sana, na watu husafiri kutoka ng'ambo kuja kuiona, na sisi tunaichoma tupake kuta. Sauti yangu ilianza ikitetemeka, ikaacha kutetemeka. Niliokota kipande cha jiwe niwaonyeshe, lakini kilikuwa na vumbi, na jiwe lenye vumbi halionyeshi kitu. Likilowa, chembe zake hujitokeza, nyeupe, nyeusi, na zile za kung'aa kama magamba ya samaki. Chuoni, mhadhiri wetu alikuwa akilamba mawe kutwa, nasi tukajifunza kulamba. Ilikuwa kama kuvaa miwani. Chupa ya maji ilikuwa imebaki kwenye gari.

Nikalilamba jiwe.

Nililamba vizuri, upande mzima, nikaligeuza juani nikawaambia, "Tazameni hapa." Lakini hakuna aliyetazama hapo. Wote walikuwa wananitazama mimi.

Matroni ndiye aliyesogea kwanza. Alikuja polepole, kama mtu anayemkaribia mtoto aliyelala, akafungua leso yake. Ndani mlikuwa na vipande vya jiwe laini la kijivu.

"Nyathina," alisema, yaani mwanangu, "hilo ni gumu, litakuvunja meno. Chukua hii. Nilimnunulia binti yangu, lakini yeye anaweza kungoja."

Ilikuwa odowa. Mtu gani wa Migori asiyeijua odowa? Inauzwa sokoni kwa mafungu kando ya dagaa wa omena na nyanya, na wanaoinunua ni wanawake wajawazito, wanaoitafuna kama biskuti. Nilijua hivyo tangu utotoni. Lakini nilikuwa katikati ya somo, kichwa changu kimejaa mwamba, na mama wa watu amenyoosha mkono wa ukarimu mbele ya mkubwa wake. Kukataa kungekuwa kumwaibisha. Nikaipokea kwa mikono miwili. Na kwa kuwa ulikuwa udongo mzuri, mwororo, usio na mchanga, nikaulamba nao nione.

"Asante, mama," nilisema. "Huu ni bora."

Naibu alikohoa. Mwalimu mkuu aligeuka akaanza kushuka mlima peke yake.

Kwenye chemchemi za maji moto, chini ya milima, kiongozi alifunga mayai ndani ya kitambaa, akayazamisha mahali maji yanapochemka. Mvuke ulikuwa na harufu yake, na kuzunguka mabwawa kulikuwa na ukoko mweupe wa chumvi ambao ng'ombe huja kuulamba. Tumbo langu, lililokuwa tupu tangu jana, lilipinduka. Nikaziba pua. Mayai yalipotolewa, mwalimu mkuu mwenyewe alimenya moja akanipa.

"Siwezi, Madam. Samahani."

"Huwezi au hutaki?"

"Tumbo linakataa."

Aliitikia kwa kichwa taratibu, kama mtu anayejaza nafasi ya mwisho kwenye fumbo la maneno. Nyuma yake, matroni alimnong'oneza naibu kwa Kijaluo kwamba miezi ya kwanza huwa hivyo, mayai ndiyo mabaya zaidi.

Hapo ndipo nilipoelewa. Ilinijia yote kwa mkupuo, vichaka vya Rongo na Rodi, chai, jiwe, odowa, pua, yai. Hofu na mimba zina dalili zilezile. Ningeweza kulisema hilo palepale na wote tungecheka. Badala yake nikaanza kuwaza. Nikikana kabla sijaulizwa, nitaonekana nina la kuficha. Nikinyamaza, nitaonekana nimekubali. Nikimwambia matroni faraghani, nitakuwa nimemwambia kwamba nilijua wanachosema, na atajua kuwa nasikia Kijaluo, na ataaibika. Tulipanda gari nikiwa bado sijaamua, odowa mfukoni.

Simbi iko karibu na Kendu Bay. Ukiwa barabarani huioni. Unapanda ukingo kidogo, halafu ghafla iko chini yako, ziwa la mviringo, la kijani kibichi kama rangi ya duka la dawa, halina mto unaoingia wala unaotoka. Heroe walikuwa wamesimama upande wa pili, waridi juu ya kijani. Kiongozi alitukalisha ukingoni, akavua kofia. Alisema hapa alizoea kuvua kofia.

Akatusimulia hadithi ya Simbi kama wanavyoipokea watu wa hapo. Palikuwa na kijiji, na kijijini palikuwa na sherehe, pombe na ngoma. Bibi kizee akaja akitoka mbali, amelowa, anataka joto na chakula. Wakamfukuza. Mwanamke mmoja tu alimwingiza nyumbani kwake. Yule bibi akamwambia, chukua watu wako mwondoke. Walipoondoka, mvua ikaja, ardhi ikafunguka, kijiji chote kikazama na ngoma zake.

"Sasa uliza," alisema.

Mwalimu mkuu aliuliza, lakini hakumwuliza yeye. "Mwalimu. Wasichana wakikuuliza hili ziwa limetoka wapi, utawaambia nini? Bibi kizee?"

"Nitawaambia yote mawili, Madam. Nitawaambia kwamba mwamba uliokuwa unayeyuka ulipanda ukakutana na maji chini ya ardhi, na maji yakageuka mvuke mara moja, na ardhi ikapasuka. Hakukuwa na mlima hapa, palikuwa na mlipuko tu, na tundu lake ndilo hili. Halafu nitawaambia hadithi, kwa sababu watu walioitunga waliona vizuri. Waliona kwamba ziwa hili halikuchimbwa polepole. Lilikuja kwa ghafla, na lilikuja kutoka chini."

Kiongozi alivaa kofia yake. "Huyu," alimwambia mwalimu mkuu, "akikosa kazi kwako nitamchukua mimi."

"Ukikosa kazi, haitakuwa kwa sababu ya akili," mwalimu mkuu aliniambia. Alinishika mkono akanitoa kando ya wenzetu, mpaka mahali ambapo upepo wa ziwa ulibeba maneno yetu. "Umefaulu. Sikufichi. Yule kijana hakuweza kunieleza hata mlima mmoja. Lakini kuna jambo moja, na nakuuliza kama mama. Uko na mimba?"

Sikuwa na mimba. Hata mchumba sikuwa naye mwaka ule. Nilikuwa na tumbaku. Neno moja, hapana, na lilikuwa la kweli, na kazi ilikuwa yangu. Nililifungulia mdomo. Na neno likakataa kutoka.

Kuna kitu nilichokumbuka. Nilipokuwa sekondari, kila muhula ulipofunguliwa tulipangwa mstari kwenye baraza la bweni, tukaitwa mmoja mmoja kwenye chumba cha matroni, tukalala chali juu ya kitanda chenye shuka la mpira, na vidole baridi vikabonyeza chini ya kitovu. Ndivyo shule zilivyofanya, nyingi tu, na hii niliyoomba kazi ilifanya vivyo hivyo. Hapa, vidole vyenyewe vilikuwa hivihivi vilivyonipa odowa kwa upendo. Nilikuwa msichana mwoga, sikuwahi kumgusa mvulana, na bado kila muhula nilitetemeka kwenye mstari ule kana kwamba tumbo langu lingeweza kunisaliti bila mimi kujua. Wavulana wa shule jirani walifungua muhula kwa kucheza mpira.

"Yule kijana mwingine," nilisema. "Ulimwuliza kama amempa mtu mimba?"

"Usinijibu swali kwa swali."

"Basi sitajibu, Madam."

Hakukasirika, alihuzunika, na hilo lilinitisha zaidi.

"Sawa," alisema. "Si lazima uniambie mimi."

Sikumwelewa mpaka tulipofika Homa Bay. Tulikwisha kumshusha kiongozi wetu, jua lingalipo, na badala ya kushika njia ya kurudi, Land Rover ilikata kona ikasimama mbele ya lango la hospitali. Mwalimu mkuu aligeuka kwenye kiti chake.

"Muuguzi wa zamu namfahamu, tunaomba naye kanisani. Ni kipimo kidogo cha mkojo. Unaingia, unatoka. Likitoka jibu zuri, kesho asubuhi uko darasani."

"Na jibu baya ni lipi?"

"Unajua ni lipi."

Dereva alizima injini. Niliwaza mambo mengi kuliko niliyowahi kuwaza mahali pamoja. Niliwaza kwamba ukweli uko upande wangu, na mtu mwenye ukweli haogopi kipimo. Niliwaza mikono ya baba. Niliwaza kwamba kukataa kilicho rahisi ni ujinga unaojivika heshima. Niliwaza kwamba mkojo wenyewe, kwa mara ya kwanza siku hiyo, haukuwepo. Kila wazo lilinisukuma nishuke, na kila wazo lilikuwa sahihi, na nilipoyahesabu yote nikaona kwamba nimekaa palepale, mkono umeshika chuma cha kiti. Nikishuka, jibu lingekuwa zuri, na ningekuwa nimekubali kwamba swali ni halali. Muhula ujao ningesinzia mkutanoni, wangeniuliza tena. Na ningesimama mbele ya wasichana waliopangwa mstari nikiwa nimetoka mstarini mwenyewe.

"Sishuki," nilisema.

"Binti, ni dakika chache," naibu alisema. "Mimi nina njaa, Madam ana njaa, hata gari lina njaa. Shuka tu, tumalize."

"Shuka wewe, Mwalimu. Nawe hukumaliza yai lako."

Dereva alicheka, akajifanya anakohoa. Naibu alitazama dirishani.

Matroni alikuwa amekaa kando yangu, leso yake mapajani. Alianza kulia bila sauti, machozi tu. "Ni mimi," alisema. "Ni mimi na odowa yangu. Mtoto wa watu alilamba jiwe, mimi nikaleta mambo. Madam, kama wanataka mkojo, acha niingie mimi nikatoe. Wangu uko tayari, na majibu yake nayajua."

Hata mimi nilicheka. Mwalimu mkuu peke yake hakucheka. Alikuwa amevua miwani na kutazama mbele, kwenye lango, ambapo mwanamke mmoja alikuwa akitoka na mtoto mchanga ndani ya blanketi la bluu, akishikwa kiwiko na mumewe. Aliwatazama mpaka walipopotea.

"Hutashuka," alisema, bila kugeuka.

"Hapana, Madam."

"Hata kwa kazi."

"Ningependa kazi. Naitaka sana. Lakini sishuki."

Nilipomsikia akiongea tena, sauti yake ilikuwa ya chini, na sina hakika alikuwa anaongea na sisi.

"Mimi walinileta hapahapa," alisema. "Mwaka nilioajiriwa. Katibu wa bodi, mzee wa kanisa na mkewe, wote ndani ya gari, wakanisubiri. Mimi nilishuka."

Matroni aliacha kulia. Niliona kisogo cha mwalimu mkuu, kitambaa chake kilichofungwa vizuri, na nilijua kwamba mtu mwema angesema neno hapo. Sikusema. Ningemwonea huruma, ningeshuka, na tungekuwa wawili tulioshuka.

"Washa gari," alimwambia dereva.

Tulikwenda mpaka karibu na Rongo kabla hajageuka tena. Alikuwa ameshavaa miwani. Alikuwa amerudi kuwa mwalimu mkuu.

"Utaanza kesho," alisema. "Kwa muhula mmoja. Bodi wakiuliza nitawaambia nimekupima kwa macho yangu, na macho yangu sijamaliza kuyatumia. Usidhani umeshinda. Tumbo ni kitu kisichofichika. Nina subira."

"Asante, Madam."

"Sijakupa zawadi. Nimekupa muda."

Usiku ule sikulala sana, niliwaza maneno hayo. Nina subira. Alikuwa amekubali kutoniuliza kwa sababu aliamini kwamba kalenda ingemjibu. Angenitazama kiunoni wiki baada ya wiki, mimi nikiwa na sketi yangu iliyonikaa vizuri, na siku moja angeridhika, na swali lake lingekuwa limejibiwa bila mimi kulijibu. Nililigeuza hilo mpaka alfajiri, na kadiri nilivyoligeuza ndivyo nilivyozidi kuona kwamba sikubali hata hilo.

Mama alikuwa na gauni la kitenge pana kama hema, aliloshonewa alipokuwa na mimba ya mdogo wangu wa mwisho, na hakulivaa tena. Nikamwomba. Aliniuliza la nini, nikamwambia la kazi. Baadaye, kutoka mshahara wa kwanza, nilimpelekea fundi wa Migori kitambaa ashone mengine mawili ya mtindo uleule. Aliniuliza ni ya mimba ya mwezi wa ngapi. Nikamwambia ashone tu.

Niliyavaa kila siku ya kazi. Nilifundisha nayo mito na mabonde, nilipanda nayo vilima vya nyuma ya shule, nikasimama nayo ukaguzini. Katika chumba cha walimu kulikuwa na wale waliohesabu vidole kimya kimya, na wengine wakaacha kuhesabu na kuanza tena. Muhula uliisha, nikapewa wa pili, kwa sababu wasichana walikuwa wanafaulu na kwa sababu, nadhani, alikuwa hajaona. Ilipopita miezi ya kutosha, kila mwenye akili alikuwa na jibu lake. Lakini hakulipata kwangu.

Wasichana wenyewe hawakuuliza lolote. Walizoea gauni kama wanavyozoea kengele. Ila Jumatatu moja asubuhi, kwenye gwaride, mwalimu mkuu aliposimama mbele ya bendera na kupitisha macho juu ya safu ya walimu, macho yake yalifika kwangu yakashuka, yakatulia pale katikati, na upepo kutoka upande wa mashamba ya miwa ukaingia chini ya kitenge na kukijaza. Ningeweza kukishika kwa mkono. Niligeuka kidogo upande, nikauacha upepo ufanye upendavyo.